Mhimili Ulioanzia Ishirini

Mbak Ratri, dada yangu mpendwa,

Kabla hata ya salamu nakusihi: barua hii isome peke yako, kisha itie motoni. Hata shemeji asijue neno. Sasa nikuulize, hujambo? Miguu ya Mama inaendeleaje? Na maji ya bahari, bado yanafika kitandani? Mimi mwili ni mzima. Moyo ndio unaotetemeka, kwa hofu na zaidi kwa hasira.

Unajua kazi yangu hapa kwenye kiwanda cha batiki ni kuandika vipimo: pampu zimechota maji kiasi gani ardhini, na kijiji chetu kimezama kiasi gani. Mwaka wa lita milioni ishirini tulishuka sentimita nne; wa thelathini, sita; wa arobaini, nane. Kwenye grafu ni mstari mnyoofu kama uzi wa fundi mwashi.

Kikao cha Alhamisi, cha kiwanda na kijiji chetu, kina swali moja: pampu zikizimwa kabisa, ardhi itazama kiasi gani? Jibu liko pale mstari unapokata mhimili wima, penye maji sifuri.

Jana Pak Hardono, mkuu wetu, aliinua grafu mbele ya ofisi nzima. Alisema tazameni, mstari unakata penye nne. Basi nusu ya kuzama ni kazi ya Mungu, hao wa kijiji cha Tambakrejo wakamshitaki Yeye. Akaongeza kwamba watu wa kwetu kuinama mlangoni ni adabu tu, tusiwaharibie. Wakaangua kicheko. Adabu! Tumeinua sakafu mara tatu mpaka milango imekuwa mifupi, Mbak, hata jeneza la Baba tukalipitisha dirishani!

Nilinong'ona kwamba mhimili ule hausimami penye sifuri, umesimama penye ishirini. Akanijibu kwamba karani huajiriwa kuandika, si kuwaza, na kama kiti changu kinanichoma niseme, wako wanaokitaka.

Nikarudi mezani kwangu. Na neno linaloniuma ni hili: grafu ile niliichora mimi. Karatasi ilikuwa ndogo, na hakuna mwaka uliopungua ishirini, nikaanzia hapo nisibanane. Sikukusudia ubaya. Lakini alipoipenda nilijua kwa nini, na bado nikatia sahihi. Nisamehe, nawe uniombee radhi kwa Mama.

Humu nimeweka karatasi ya pili, inayoanza na sifuri. Hii usiichome. Laza rula juu ya nukta zote tatu, uuvute mstari nyuma: utaangukia sifuri hasa. Bila pampu zao hatuzami hata unene wa unywele. Mpe mkuu wa kijiji aende nayo kikaoni.

Watadai ni ya kughushi. Hapo mniite nije kutoa ushahidi. Usipige simu ofisini. Alhamisi sitakwenda kazini. Nitakuwa kwa Bu Tarmi, muuza tofu nyuma ya soko la samaki. Atakayetumwa aulize mwenye rula. Atanikuta nimekwisha kuvaa viatu.

Mdogo wako,
Lintang