Samaki Uliotuachia

Duka la Dobi, mlango wa kijani,
Ghorofa ya chini.
Jumapili, tarehe 9.

Mpendwa mdogo wangu,

Nakusalimu kwanza, ugomvi baadaye. U hali gani? Kile kikohozi nilichokisikia kwenye simu kimeisha, au unapiga mbizi nacho hivyohivyo? Na masikio je? Mtu anayeshinda chini ya maji kama wewe ayatunze masikio yake, ingawa sijaona kama yanakusaidia sana kusikia ya nyumbani.

Sisi ni wazima. Mgongo wangu unauma nikiinama, kwa hiyo siinami. Binti yako amerefuka. Sketi ya shule nimeishusha pindo mara mbili na sasa hakuna pindo lililobaki. Bado tunamwita Wakili, na jina bado linamfaa. Juzi alimbishia mpiga pasi wangu mpaka mzee wa watu akaunguza kola ya mteja.

Picha zako za pono zimefika. Wakili amezibandika ukutani juu ya kitanda chake. Yule wa kijani mwenye mdomo kama wa kasuku, anayetafuna matumbawe na kutoa mchanga upande wa pili, amemponza shuleni. Alisimama darasani akawaambia wenzake kwamba mchanga mweupe wanaolalia watalii, sehemu kubwa ni choo cha samaki. Darasa likacheka, mwalimu akamwambia akae chini. Hakukaa. Akasema, "Mwalimu, baba yangu yuko hukohuko chini. Wewe uliwahi kwenda?" Nikaitwa. Nilikwenda na barua yako, mwalimu akaisoma yote, mwishowe akaniomba nikufikishie salamu zake. Basi zimefika.

Uliandika pia kwamba baadhi ya hao pono, jioni ikifika, hujitemea ute wakajifunika nao kama chandarua, wakalala humo, na asubuhi wakauacha wakaenda zao. Sasa nimeelewa kwa nini watu husema fulani amelala usingizi wa pono. Nimekuelewa na wewe pia, lakini hilo nitalifikia.

Jambo lenyewe ni samaki. Siyo wa huko kwako. Ni hawa walioko kwangu na ambao si wangu. Ulinikabidhi mlangoni: tangi la lita mia nne na hamsini, samaki kasuku sita wekundu kama nyanya, na mtoto wa miaka mitano ameshika kopo la chakula chao. Ukasema miezi mitatu. Mimi hesabu nilijifunza kwa kufua nguo za watu bila kupoteza hata soksi, hainichengi. Mtoto sasa ana miaka kumi.

Hawa wetu hawakutoka baharini wala mtoni, wewe wajua. Ni watu waliochanganya mbegu za samaki wa aina tofauti, wakapata kiumbe wa duara mwenye mdomo uliobaki wazi kama mtu aliyepewa habari asiyoitegemea. Haufungiki vizuri. Chakula anakisagia kooni, na kikielea juu anahangaika nacho mpaka unamwonea huruma. Kwa hiyo Wakili huziloweka chembe kwenye kikombe mpaka ziwe nzito, halafu anaziachia karibu na changarawe, kidogo kidogo, kila samaki na fungu lake. Pono wako wanatafuna jiwe. Hawa wetu wanashindwa na biskuti.

Mwezi uliopita mwenye nyumba alinipandia juu nyumbani, na fundi saa wa chini yetu nyuma yake. Fundi saa anasema dari yake imeanza kuchora mstari wa ufa. Nilikuwa tayari kubisha, nimeshashika kiuno, lakini nikapiga hesabu kwanza. Maji peke yake kilo mia nne na hamsini. Vioo, changarawe na meza ya chuma, kilo mia na hamsini nyingine. Hao ni watu wanane wazito wamesimama kwenye kona moja ya chumba cha mtoto, miaka mitano, hakuna aliyetoka hata kwenda haja. Nikamwambia fundi saa, "Una haki. Litatoka." Nikakutumia ujumbe kukuuliza tufanyeje, maana samaki ni wako na wa marehemu wifi yangu, Mungu amrehemu.

Ukajibu kwa sauti. Sasa nisikilize vizuri. Ujumbe wako ukiingia, simu haikai mkononi mwangu. Wakili huikwapua, akaipandisha sauti mpaka mwisho, mpiga pasi akazima mashine, na sisi watatu tukasimama katikati ya duka kama watu wanaongoja taarifa ya habari. Ndiyo desturi yetu. Siku hiyo tukasimama, tukakusikia unasema: "Dada, usijisumbue nao. Wape mtu yeyote. Akikosekana, wamwage bwawani, watajijua hukohuko. Mimi siwahitaji tena." Ukaendelea na habari za matumbawe mliyopandikiza. Hatukuzisikia. Mpiga pasi aliwasha mashine bila kuambiwa.

Wakili alirudisha simu mezani polepole. Akaniuliza, "Na chumba kikishakuwa kitupu, mimi nitalala wapi?" Nikamwambia, palepale unapolala. Akanitazama kama wakili aliyemnasa shahidi akidanganya.

Nilikasirika, na mimi nikikasirika nafanya kazi. Niliamua siku ileile kwamba tangi litakuja dukani, kwenye sakafu ya saruji, kando ya mashine kubwa. Wanataka joto la digrii ishirini na sita, na hapa kwangu hapapungui hizo hata mvua ikinyesha.

Tulihama Jumamosi, tarehe mosi. Wasukuma mkokoteni walibeba tangi tupu, nusu ya maji ya zamani nikayahifadhi kwenye mapipa, samaki tukawaweka kwenye ndoo. Hapo ndipo palipoharibika. Ndoo mbili nilizoziandaa hazikutosha, na mpiga pasi, kwa moyo mweupe, akaleta ya tatu kutoka chini ya rafu. Aliisuuza mara tatu, nilimwona kwa macho yangu. Lakini ndoo ile imekaa na dawa ya kulainishia nguo miaka na miaka, na plastiki huinywa dawa ile, haiitoi kwa kusuuza. Duka zima la watu wanaoishi kwa sabuni, na hakuna hata mmoja aliyeinusa. Pua zetu zimeshazoea. Kwetu hiyo ndiyo harufu ya hewa.

Ndani ya ndoo hiyo alikuwamo Bosi, yule mkubwa mwenye nundu, pamoja na Shangazi. Ndiyo, kuna samaki anaitwa Shangazi. Ni yule anayewafukuza wenzake kwenye kona yake na kupanga changarawe upya kila asubuhi. Mimi sikuulizwa.

Wakili ndiye aliyeona kwanza. Bosi amelala ubavu, matamvua yanakwenda mbio. Tukawahamishia wote wawili kwenye maji yao ya zamani, tukawafungulia pampu mbili za hewa, tukasimama pale kama ndugu wa mgonjwa. Shangazi alipauka akawa kama karatasi, lakini tulipofunga duka alikuwa amesimama wima na kumfokea kila aliyepita kwa yale macho yake. Bosi hakuinuka.

Mpiga pasi alilia, mtu mwenye wajukuu. Wakili akampa leso, ya mteja, iliyokwisha pigwa pasi. Halafu akanivuta pembeni, akaninong'oneza: "Shangazi, usimwambie baba. Akijua wamebaki watano, ataona hakuna cha kurudia."

Sikumwahidi. Kwa hiyo nakwambia: Bosi amekufa, wamebaki watano. Na mtoto wako anaamini kwamba siku ukirudi utakuwa umewafuata samaki, na yeye ni kopo la chakula lililokuja pamoja nao. Anawalisha, anawahesabu, anawasafishia, kwa sababu anadhani ndio wanaomshikia nafasi yake kwako.

Bado kuna hili. Shangazi wa majini hutaga. Hulisugua lile jiwe bapa mpaka ling'ae, akapanga mayai yake juu, akayapepea kwa mapezi mchana kutwa, na ole wake anayesogeza mkono. Lakini madume wa jamii hii kwa kawaida ni tasa. Mayai hubaki meupe, yakaota ukungu, basi, imekwisha. Juma hili, na rangi yake haijarudi sawasawa, ametaga tena. Wakili akaniuliza kama safari hii yataanguliwa. Mimi watoto siwadanganyi. Nikamweleza. Akagusisha pua kwenye kioo, halafu akasema, "Sasa nani amwambie?"

Mdogo wangu, najua kwa nini uliondoka. Wifi aliwachagua samaki wale mmoja mmoja, na baada ya mazishi ulikuwa huwezi kupita mbele ya tangi bila kugeuza uso. Nilikuona. Sikukulaumu mwaka wa kwanza, wala wa pili. Mimi mwenyewe beseni la kwanza la nguo za watu nililiinamia nikiwa nimevaa nguo za eda, kwa hiyo usinisimulie habari ya kufiwa kana kwamba mimi huisikia redioni. Lakini mtu hawezi kuwa pono miaka mitano, kila jioni ajitemee chandarua chake, asubuhi akiache, aende zake, na walioachwa nyuma watajijua.

Nimeamua hivi, na siombi. Samaki hawaendi bwawani. Huko wakifa ni dhambi, na wakipona watawavuruga wenyeji. Wakitunzwa wanaweza kufika miaka kumi, hata kumi na mitano, na mimi nina nia ya kuwatunza. Ile ndoo nimeitoboa kitako, sasa ni ya kuwekea vibanio. Wakili naye haendi popote. Kitanda chake hakisogei, na pale lilipokuwa tangi nimemwekea meza ya kusomea. Kumlea hakunilemei na sikudai kitu. Mwezi huu usitume chochote. Ulichotaka kutuma kifanye nauli.

Shule zinafungwa tarehe ishirini na nane. Uje. Kama unarudi kuishi nasi, sema. Kama maisha yako sasa ni huko, basi hiyo nayo ni kazi ya heshima, nami sitakununia zaidi ya kawaida yangu. Mtoto atakuja kuwaona pono wako likizo, kisha atarudi kwangu, na atajua kinachoendelea. Jambo lolote anaweza kulibeba, huyu nimemlea mimi. Ila hawezi kuendelea kubeba asilolijua. Lakini jibu hilo, liwe lipi, halitaletwa kwa simu kwa watu watatu waliosimama katikati ya mashine. Utakaa kwenye benchi la wateja, mtoto kando yako, uso kwa uso, useme kwa kinywa chako. Mimi nitatoka nje nikaanike mashuka, hata kama hakuna mashuka.

Mama mkubwa anakusalimu, anauliza kama huko mnalala majini. Fundi saa anakusalimu, anasema dari imetulia na saa zake zinakwenda vizuri zaidi, jambo ambalo siamini. Mpiga pasi anakusalimu sana. Bado hathubutu kumtazama Shangazi machoni, wa majini wala mimi. Wakili hakutumii salamu, kwa kuwa hajui kwamba nimeandika. Yuko nyuma, anaosha kichujio kwa maji ya tangi, na ameimba wimbo mmoja mara nane.

Mungu akulinde juu ya maji na chini yake, akutoe huko ukiwa mzima, akufikishe.

Hapa ninapoandika, Shangazi yuko karibu na kiwiko changu, nyuma ya kioo, anapepea mayai yake wala hachoki. Yeye hana wa kumwambia ukweli. Binti yako anaye.

Ni mimi dada yako, nikupendaye, niliyekukasirikia kwa kipimo hichohicho.