Mlima Alioupima Baba

Nyumbani kwa Baba,
Chumba cha cherehani.
Jumapili, 9 Juni.

Mpendwa Kaka,

Shikamoo. Natumaini barua hii inakukuta mzima, wifi na watoto hawajambo, na mgongo wako umeacha kukusumbua. Sisi tu wazima. Kifua cha Mama kimetulia, nami bado nakanyaga cherehani, ingawa sare za shule zimenitoa jasho mwezi huu.

Sasa habari yenyewe. Baba amekuwa gumzo la mtaa. Unaukumbuka ule mlima alioupima miaka arobaini iliyopita, kimo chake kikachongwa kwenye kibao cha shaba kule kileleni? Ofisi ya upimaji imeupima upya kwa mitambo ya setilaiti, ikakuta unazidi kipimo cha Baba kwa sentimita kumi na saba.

Kwa mtu mwingine hicho si kitu. Kwa Baba ni jina lake lote. Kwa kinyozi walimtania kwamba aliupima kwa kamba ya viatu, akaondoka pale nusu kichwa kimenyolewa, nusu bado. Ofisi ikamwalika kwenye sherehe ya kibao kipya, akasema hawezi kuhudhuria mazishi yake mwenyewe. Wiki mbili alikuwa akidonoa chakula tu, amejifungia na madaftari yake ya zamani, anarudia hesabu zilezile mpaka Mama akamficha kalamu.

Nina mteja mmoja, mjiolojia. Tunamwita Mama Mawe, maana kila suti ninayomshonea, mifuko hutoboka kwa mawe. Nilipomsimulia alicheka sana, akataka kumwona Baba.

Alimkalisha kwenye meza yangu ya kukatia, akatandaza vitambaa vinne, kimoja juu ya kingine, akaweka viganja huku na huku, akasukuma. Vitambaa vikajikunja, vikainuka katikati, kunjo moja likalalia jingine. Akaeleza kwamba mabara hayajatulia. Yanasogea polepole kama kucha zinavyoota, na mawili yakikutana hakuna linalompisha mwenzake. Miamba hubanwa ikapinda, mingine hukatika na kupanda juu ya mingine, ganda la dunia likanenepa kwenda juu na kwenda chini pia. Hata tope la bahari iliyokuwa katikati hupandishwa, ndiyo maana kule kileleni watu huokota kombe za baharini. Mimi macho yangu yalikuwa kwenye kitambaa cha chini kabisa, cha bwana harusi wa Jumamosi.

"Mzee, mlima wenyewe umekua," akamwambia. "Bado unasukumwa. Milimita tano kila mwaka."

Kaka, ungemwona! Siku hiyo alikula sahani mbili, akamalizia na yangu. Kesho yake alirudi kwa kinyozi, akawahubiria habari za mabara mpaka wateja wakaomba wanyolewe upesi waende zao.

Lakini unamjua Baba na hesabu. Milimita tano kwa miaka arobaini ni sentimita ishirini, si kumi na saba. Mama Mawe hakuona shida. Alisema labda mlima haukui sawasawa kila mwaka, au vifaa vya zamani havikuwa na usahihi huo. Baba aliitikia tu, akaniomba nimpigie suti yake pasi.

Siku ya sherehe ukumbi wa ofisi ulijaa. Walipomwita aseme neno, alisimama, akasema zile sentimita tatu zinazopungua ni zake. Siku aliyoupima, jiwe la kileleni lilikuwa linateleza, akaisimamisha fimbo ya kupimia juu ya kipande cha ubao, na kwenye hesabu akasahau kuutoa unene wa ubao. Kwa hiyo aliuandika mlima mrefu kuliko ulivyokuwa. Alipogundua, kibao kilikuwa kimeshachongwa. Akafunga mdomo miaka arobaini.

Watu wakampigia makofi mpaka mkuu wa ofisi akasimama. Mama Mawe alikuwa anaandika mbiombio kwenye daftari lake. Mimi nililia mbele za watu, wala sikuona haya.

Tulipokuwa tunarudi alikutaja wewe. Hakuwa amekutaja tangu ulipokosea kupima mpaka wa shamba lile, ukaenda kwake siku ileile kukiri, naye akakuambia mbele ya wapimaji wenzako kwamba hakuzaa mpima. Nilidhani hatalitaja jina lako tena maishani mwake.

"Mwandikie kaka yako," akasema. "Mwambie yeye alikosea akasema siku ileile. Mimi imenichukua miaka arobaini. Mwambie mpima ni yeye."

Nimeyaandika kama alivyoyatamka, sikuongeza wala kupunguza.

Mama anakusalimu, mjomba fundi saa naye hajambo, na shangazi anauliza kama bado unakoroma. Msalimie wifi, wabusu watoto. Mungu akufungulie njia, na iwe ya kuja huku.

Ni mimi dada yako, nikupendaye siku zote.