Kiganja Chako Kiko Ibaba

Shikamoo, baba. Huku Ibaba ukungu haujaondoka tangu asubuhi, nakuandikia nimejifunika blanketi la wenyeji wangu. Lile ghala la pareto ulilojenga ujanani nimelipata!

Nilikuja kurekodi kuta zake za zamani, nikakuta jana wamezipaka chokaa zote, eti nisije nikapiga picha uchafu. Nilinuna, nikazima kamera. Mama mmoja jirani wa ghala akacheka. "Usikasirike, mwanangu. Fundi wetu hafutiki." Akalowesha kitambaa, akasugua kona ya chini. Likatokea tofali lenye alama ya kiganja, ile mliyokuwa mkigandamiza mafundi kwenye tofali la kwanza. Kidole cha mwisho kimepinda. Nikaweka changu juu yake, nacho kimepinda hivyohivyo.

Yule mama akaita wenzake, "Njooni, binti wa fundi huyu hapa!"

Filamu yangu inaanza na kiganja hicho. Utusamehe wanao, baba, tulivyokuwa tukikucheka ukisema umejenga Ibaba. Kunywa dawa zako. Nikifika nyumbani Chapwa, kabla hujaniuliza habari za safari, nipe huo mkono niushike.

Binti yako,
Tumaini