Binti wa Kikorea Aliyeenda Beni

Baba,

Tangu tukuzike, mji wetu wa Butembo umekosa mtu wa kuudanganya vizuri. Jenereta yako bado inakohoa, mabenchi ya chumba chako cha video bado yanaumiza makalio, na mikrofoni anaishika mdogo wangu Kambale. Ana sauti yako, ila hana uongo wako.

Unaikumbuka ile filamu ya Kikorea, isiyo na rangi? Hukujua neno hata moja la lugha yao, lakini kila Jumapili baada ya misa uliitafsiri bila kumeza mate. Yule binti anayetaka kwenda kusoma, baba yake mjane akimzuia, ulimfanya Mnande kabisa kama sisi: anapika sombe ya majani ya muhogo, analea wadogo zake. Mwishoni anakaa mlangoni na furushi lake, analia, filamu inaisha. Nawe ulifunga hivi: "Mutoto mwenye akili hapana kuacha baba yake." Hata askari, uliowaamuru waache bunduki nje, walipiga makofi. Mimi nilinuna, maana nilijua unamwambia nani.

Mama alikuwa ameshafariki, vita ilikuwa imejaa barabarani, nami nilitaka kwenda mji wa Beni kusomea uuguzi. Nilipokuambia shule imenikubali, ulimaliza bugali yako, ukanawa mikono, ukaenda kuwasha jenereta.

Jumapili iliyofuata ukaweka kaseti ileile. Binti akakaa na furushi, akalia. Ukaisogeza mikrofoni mdomoni, ukasema: "Baba yake anamuambia: beba manguo yako, wende. Batoto nitabaangalia miye mwenyewe."

Watu wakaja juu: "Lakini iko analia tu, haendi!"

Ukawauliza, "Nani hapa anajuaka Kikorea?"

Kesho yake nikapanda lori la Beni. Nakupenda kwa uongo ule, Baba.

Juzi, tulipomaliza matanga, Kambale aliiweka tena. Alipofika kwenye furushi, akaishusha mikrofoni, asiweze kuendelea. Basi chumba kizima kikamsaidia, hadi wale mama wa sokoni wanaosinziaga kila filamu: beba manguo yako, wende. Tulicheka huku tunalia.

Kesho narudi kazini hospitalini. Kambale na mdogo wetu Kavira nawachukua tukaishi wote Beni, na kaseti yako imo ndani ya sufuria, imefungwa kwa kitenge cha mama.

Sasa mwenye safari ni wewe. Beba manguo yako, Baba, wende. Batoto nitabaangalia miye mwenyewe.

Masika wako