Jina Lako Kwenye Filamu Yangu

Chumba cha juu ya duka la rangi,
Jumapili, 14 Juni.

Mpendwa Kaka Twiga,

Hujambo huko kwenye baridi? Mgongo unaendeleaje na hiyo kazi ya kubeba maboksi? Wifi naye, kikohozi kimemwacha? Mama yu mzima, anagombana na dawa zake kama kawaida.

Mimi ni mzima wa mwili tu. Moyo umekufa ganzi.

Unakumbuka filamu yangu ya kwanza? Niliandika, nikaongoza, nikapiga picha, nikahariri, hata chai ya waigizaji nilichemsha mwenyewe. Mwishoni jina langu likapita mara tano, ukumbi mzima ukaangua kicheko. Niliona aibu, Kaka. Basi kwenye hii ya pili nikawagawia ndugu kazi zangu. Mama akawa mhariri. Wewe, usiyeweza kumpiga mtu picha bila kumkata kichwa, nikakuandika mpiga picha. Sikukuomba ruhusa, unisamehe.

Mwezi uliopita kampuni moja ya matangazo iliyoitazama ikaniita. Nilivaa lile gauni nililovaa kwenye harusi yako. Meneja akaniambia hadithi haikumvutia hata kidogo, ila anamtaka yule mpiga picha, ampe ajira ya kudumu.

Nikamwambia ni mimi. Akacheka.

“Dada, mbona unataka kumnyang'anya kaka yako riziki? Mlete tu. Wewe tutakufikiria siku nyingine.”

Nikamwonyesha kamera. Akasema kamera mtu yeyote anaweza kuazima.

Tangu hapo simu haikukoma: kaka yuko wapi, kaka anarudi lini? Nilichoka. Juzi nikawaandikia kwamba umefariki. Tafadhali Mama asijue, atanitoa roho.

Kamera nimeifungia kabatini. Kesho naanza kuuza rangi hapo chini. Sina hamu tena, wala sitaki unibembeleze.

Leo wamenitumia rambirambi ndefu. Wanasema hawajawahi kuona mtu aliyejua kuutazama uso wa binadamu kwa upole namna ile, na kwamba pengo lako halitazibika. Nimeisoma mpaka machozi yakanizuia. Miaka yote hii ya kuhangaika, Kaka, hizo ndizo sifa zangu za kwanza.

Msalimie sana Wifi. Kibonge mwambie shangazi yake amemkumbuka. Mungu akuzidishie umri, hasa sasa.

Wako akupendaye,
Marehemu mwenyewe.