Viwavi kwenye Mndimu wa Kanze

Garsen,
Jumatano

Shemeji yangu mpendwa Kadzo,

Pokea salamu zangu katika jina la Bwana, na uniwie radhi kwa kimya changu tangu tumzike dada yako Kanze. Jirani ataipiga barua hii picha akutumie kwa simu.

Juma lililopita niliona kwenye mndimu wa Kanze vitu mfano wa vinyesi vya ndege, samahani kwa neno hilo. Nilidhani mti umeugua, nikaandaa dawa ya kupulizia. Nilipogusa kimoja, kilitoa pembe mbili nyekundu zenye harufu kali ya ndimu iliyooza. Ndipo nikamkumbuka Kanze akiniambia: "Baba Fondo, mwache mgeni wangu! Mchokoze kidogo tu, uone anavyokasirika!" Nilicheka peke yangu, shemeji, kisha nikakaa chini.

Sasa viwavi hao wamenenepa wakawa kijani, na wawili wamekwisha kujifunga kwenye kijiti.

Mto unapanda tena. Fondo anakuja Jumamosi kunihamishia kwake Hola. "Baba, utazama kwa ajili ya wadudu?" ameniuliza.

Kanze alinieleza kwamba mlipokuwa wasichana mliwafuga pamoja. Tafadhali nijulishe: nikikikata kijiti hicho na kukibeba, watatoka vipepeo salama? Ukisema ndiyo, nitaondoka na Fondo bila ubishi, nimekishika mkononi. Ukisema la, nisaidie kumsihi mwanao Fondo anisubiri. Kanze hakuwahi kusafiri kabla vipepeo wake hawajaruka.

Nisamehe kwa usumbufu.

Shemeji yako,
Kenga