Swali la Kwanza la Adero

Pap Onditi, 4 Septemba 1972

Kaka Ochieng,

Pokea salamu. Sisi wazima, ila mvua imetunyima. Kisumu mnaendeleaje? Mume wangu Obiero atapeleka barua posta ya Awasi kwa baiskeli, kama kawaida. Ananicheka eti nina mwalimu wa posta. Hesabu ulizonitumia nimezifanya: a³ × a² nimepata a⁵. Lakini a⁷ ÷ a⁷ nimeandika sifuri, maana saba ukitoa saba hakuna kitu. Nimekosea? Nataka sana kupita mtihani niingie chuo cha ualimu.

Dada yako, Adero

Kisumu, 12 Septemba 1972

Dada Adero,

Nashukuru mko wazima. Hapa mtaani Manyatta vumbi tu, afya ipo. Wewe nawe! Kosa lile lile mara ya tatu. Kinachokuwa sifuri ni kipeo, ile namba ndogo ya juu, si jibu. a ikiwa mbili, juu utapata 128, chini 128. Inaingia mara ngapi? Moja! Nimekuandikisha. Mtihani ni hapa Kisumu tarehe 20 Novemba, namba yako 41. Msalimie shemeji.

Kaka yako, Ochieng

Pap Onditi, 6 Novemba 1972

Kaka,

Tangu tumzike Obiero nawe ukarudi mjini, sijashika kalamu. Homa ya siku tatu tu, kaka! Mama mkwe, Mama Dorca, anasema mjane hatoki bomani kabla ya kutakaswa kimila, na wazee wamepanga iwe baada ya Krismasi. Nimemwomba ruhusa ya siku moja tu, ya mtihani. Yeye mwenyewe amelia, lakini amekataa. Njoo useme nao wewe.

Dada yako, Adero

Kisumu, 21 Novemba 1972

Dada yangu,

Sithubutu kuuliza hali. Uliona mwenyewe: nilikuja, wazee wakanipa chai, wakakataa. Jana nilisimama dirishani pa chumba cha mtihani nikitazama meza yako, namba 41, karatasi imefunikwa. Kageha, mtahiniwa aliyekaa nyuma ya meza hiyo, alininakilia swali la kwanza: a³ × a⁴ ÷ a⁷. Nililia barabarani, watu wakiniangalia.

Kaka yako, Ochieng

Pap Onditi, 3 Desemba 1972

Kaka,

Hujambo? Mimi nipo tu. Tatu na nne ni saba, toa saba, kipeo sifuri. Jibu ni moja. Safari hii sikukosea. Nililiandika, nikaitazama ile moja peke yake. Nilidhani Obiero akiondoka hakitabaki kitu. Nimebaki mimi, na sijui nijifanyie nini. Mama Dorca ameomba kupeleka barua hii Awasi mwenyewe, kwa miguu. Hakuuliza ndani kuna nini. Tafadhali sahihisha, kaka, unirudishie.

Dada yako, Adero